Chujio la Redio Ndiva

"Mama Niwaeli, hivi mimi nilisamehe lini?"

Ndivyo alivyoniuliza jirani yangu Nakiete asubuhi moja. Mimi nimeinama nafagia uwanja, yeye kasimama upande wake wa uzio wa minyaa, bakuli la unga mkononi, kalishika kama mtu aliyepewa mtoto wa wenyewe.

"Wamekuja tena akina mama wa kanisa," akasema. "Wameimba, wameomba, wamenikumbatia. Mama Mchungaji analia kabisa. 'Hongera mwenzetu, umesamehe kweli kweli.' Namuuliza, nani kasamehe? Anacheka. Anadhani najishusha."

Nikaendelea kufagia. Kuna maswali ambayo ukinyanyua kichwa tu umeshayajibu.

"Wewe ndiye unayekaa kile chumba," akasema. "Wewe ulinisikia mimi, si yule wa redioni."

"Mama Namkunda, unajua nilikula kiapo."

"Najua. Sikuulizi nilisema nini, maana nilichosema nakijua. Nauliza nilisamehe lini, niiweke tarehe, maana hata Senzighe mwenyewe jana kanipungia mkono sokoni. Kanipungia, Mama Niwaeli! Kama shemeji yangu!"

"Ingia basi unywe chai."

"Chai yenu nyie watu wa redio siitaki. Mnachuja mno."

Akarudi ndani kwake na unga ule. Nilisikia mlango ukifungwa, halafu nikasikia sauti ya binti yake, Namkunda, ikimuuliza kuna nini, na yeye akijibu kwamba hakuna kitu.

*

Redio Ndiva iko ghorofani, juu ya duka la mbegu na mbolea, na dirisha la chumba changu linatazama soko. Jina la redio limetokana na ndiva yetu, lile bwawa la mawe na udongo ambalo mababu walilijenga mlimani. Maji yanalala humo, asubuhi lango linafunguliwa, yanashuka kwenye mifereji, leo mashamba ya watu wa Juu, kule mlimani, kesho ya watu wa Bondeni. Sisi tunatangaza zamu za maji. Tunatangaza vifo na habari ziwafikie nani na nani, ng'ombe aliyepotea, saa ambayo ndege ya dawa isiyo na rubani itatua zahanati. Halafu kuna Kikao cha Asubuhi, ambapo watu wanapiga simu wanasema ya moyoni.

Hapo kwenye ya moyoni ndipo lilipowekwa Chujio.

Ni mtambo mdogo tu, huwezi kuuonea fahari. Sauti ya mtu inaingia, inakaa humo kwa muda wa kuvuta pumzi, inatoka upande wa pili. Inatoka ni yeye yule, koo lake, kikohozi chake, hata ule mvuto wa Kipare kwenye maneno. Ila maneno yenyewe yamelainika. Mtu kasema "mbwa nyie wa Juu," linatoka "ndugu zetu wa Juu." Kasema "tutawakuta," linatoka "tutakaa tuongee." Watu wote wanajua lipo. Sheria inataka kila redio ya mji mdogo iwe nalo, na sheria hiyohiyo inataka awepo mtu mmoja wa kusikiliza upande wa ndani, kabla ya kuchujwa, ili mtambo ukiharibika avute kishikio na kuuzima. Mtu huyo ni mimi. Walitaka mtu asiye na domo. Nikaapishwa kwa Biblia mbele ya mkaguzi: ya ndani sitayatoa nje.

Mbonea, mwanangu wa kazini, ndiye meneja na ndiye mtangazaji. Aliwahi kunieleza walivyolifunza. Waliliwekea kanda nyingi za vikao vya usuluhishi vya huku kwetu, za wazee, za makanisa na misikiti, na hotuba za harusi. Likajifunza jinsi watu wetu wanavyoongea vizuri. Lakini vikao vyetu ninavijua, nimekaa vingi. Mtu anasema alivyoumizwa, watu wanamzunguka, wanambembeleza, jua linazama, na mwisho anasema amesamehe ili wote waende wakale. Hakuna kanda hata moja ambayo aliyeumizwa alisema hapana na watu wakaondoka na hapana yake. Kwa hiyo Chujio likajua kwamba baada ya kuumia kinafuata kusamehe, kama baada ya Jumamosi inavyofuata Jumapili. Likisikia maumivu, linakimbilia mwisho.

Sisemi haya kwa kulichukia. Kabla ya Chujio, mtu mmoja wa Bondeni alipiga simu, akatukana akina mama wa Juu kwa ajili ya maji. Mwingine wa Juu akajibu hapohapo hewani. Hata kipindi hakijaisha, mawe yalikuwa yanaruka sokoni. Mume wangu alitoka dukani kwake kwenda kuamua, mikono juu, anaita watu kwa majina. Jiwe halikuuliza yeye ni wa upande gani. Tangu Chujio lije, soko hili halijaona jiwe, na mimi nimekaa kwenye dirisha hili nikilishukuru, asubuhi kwa asubuhi.

Ndiyo maana swali la Nakiete liliniuma pabaya.

*

Yaliyompata Nakiete mji wote unayajua. Senzighe ndiye mfungua lango wa ndiva. Desturi ni kwamba kabla ya kufungua anapiga baragumu, anataja zamu ni ya nyumba gani, anasubiri, ndipo anafungua, maana watoto wanachota maji mferejini na wanawake wanafua. Redio ilipoanza kutangaza zamu, Senzighe aliona kazi ya baragumu imekwisha. Watu wameshasikia redioni, apulize la nini? Siku hiyo Namkunda alikuwa ndani ya mfereji anafua sare zake za shule. Maji yakaja yote kwa pamoja. Yalimburuta mpaka kwenye daraja la mawe. Alipona, Mungu ashukuriwe, ila mguu wa kushoto haukurudi kuwa mguu.

Nakiete alipiga simu kwenye Kikao. Alichosema hakimo humu, kiapo ni kiapo. Kilichotoka mji ulikisikia: "Kaka Senzighe, yote ni mapenzi ya Mungu, nimekusamehe kwa moyo wangu wote." Mchungaji alikifanyia mahubiri. Senzighe akapeleka kondoo. Na sasa Mbonea alikuwa na mpango.

"Mama, Alhamisi ndiyo kumbukumbu ya amani," aliniambia, uso umejaa furaha. "Nawaleta wote wawili studio. Senzighe wa Juu, Mama Namkunda wa Bondeni. Wakaguzi wa kanda watakuwa wanasikiliza. Mji gani mwingine una kitu kama hiki?"

"Umemuuliza Mama Namkunda kama anataka?"

"Aliyesamehe atakataaje?"

Nikavua hedifoni nikaziweka mezani. "Mbonea. Siku akija, mwache aongee bila Chujio."

Akanitazama kama nimemwambia tuchome jengo. Akafunga mlango.

"Mama, wewe ndiye unaniambia hivyo? Wewe? Soko umelisahau?"

"Soko nalikumbuka kuliko wewe. Mimi nilizika."

Akavuta kiti karibu yangu. Ni kijana wa watu, hana ubaya. "Mama yangu, kanuni inasema kishikio kinavutwa tu pale mtambo unapopotosha maana. Kulainisha si kupotosha. Ukikivuta bila sababu wanachukua leseni. Leseni ikienda, nani atatangaza ndege ya dawa? Nani atatangaza vifo? Watu wa Bondeni watazika bila ndugu kufika. Kwa ajili ya mtu mmoja kuwa na hasira?"

Alikuwa anasema kweli. Nilirudisha hedifoni masikioni, nikasikiliza mzee mmoja wa Juu akimtukana mkwe wake, na nje likatoka la heshima, na niliona kwa dirisha watu wakinunua nyanya kwa amani.

*

Jioni nilipiga hodi kwa Nakiete. Namkunda alikuwa uani anatembea. Zahanati walimpa kifaa cha kuvaa mguuni, chepesi, kinajifunza mwendo wa mtu na kumsaidia. Alikuwa anahesabu kimoyomoyo, midomo inacheza. Akayumba. Mama yake akaruka kumshika.

"Mama, niache!" Namkunda akafoka. "Daktari amesema kisiponiona nikiyumba hakitajua wapi pa kunishika. Unakidanganya."

"Nakidanganya? Naokoa meno yako."

"Meno ni yangu. Shikamoo, bibi."

"Marahaba, mwanangu." Akapita mbele yetu, akayumba tena, safari hii hakuna aliyemgusa, akasimama mwenyewe. Alicheka kwa sauti, akageuka kurudia.

Tukaketi kwenye benchi. Nakiete alikuwa anachambua mchicha, anautupa mwingi kuliko anaouweka.

"Mbonea ametuma mtu," akasema. "Ati Alhamisi nije niwe mfano. Nimekataa."

"Unataka nini kwa Senzighe? Si redioni. Hapa, mimi na wewe."

Hakufikiri. "Aseme. Aseme kwa mdomo wake, mji ukisikia: sikupiga baragumu. Basi. Kondoo wake aje amchukue, yuko pale anakula mahindi yangu. Mama Niwaeli, mimi hata kumchukia nimeshindwa. Nikitaka kumchukia naambiwa nimeshamaliza. Nitamsameheje mtu ambaye nimeshamsamehe?"

Nilitazama mikono yake. Nikasema, "Njoo Alhamisi."

"Nikaseme nini? Nje litatoka la nani?"

"Njoo tu."

Sikumwahidi kitu, na yeye hakuniahidi.

Nyumbani nilipiga magoti mpaka yakaniuma. Nilimweleza Mungu kama ninavyomweleza siku zote, taratibu, jambo kwa jambo. Niliapa kwamba neno la mtu sitalibeba nje kwa mdomo wangu. Lakini sikuapa kumziba mwenye neno. Nilijihoji kama hiyo ni njia aliyonifungulia Yeye, au ni ujanja wangu wa kukwepa kiapo. Nilijihoji pia kuhusu mawe. Kuna watoto sokoni sasa ambao siku ile walikuwa hawajazaliwa. Niliinuka. Nilichojua ni kwamba mtu akija kwenye redio yetu akanyang'anywa sauti yake mara ya pili, mbele ya macho yangu, nisingeweza kupiga magoti tena nikasema kitu chochote cha maana.

*

Alhamisi Senzighe alikuja mapema, shati limepigwa pasi, kofia magotini. Mtu mkubwa mwenye mikono ya mawe, na alikuwa anaogopa kipaza sauti kama mtoto anavyoogopa sindano. Nakiete aliingia wakati wimbo wa kufungulia kipindi unapigwa. Hakumsalimia mtu. Aliketi.

Kati yangu na wao kuna kioo. Mbele yangu kuna skrini yenye mistari miwili: wa juu ni maneno yanayoingia, wa chini ni maneno yatakayotoka. Na pembeni, chini ya kifuniko, kishikio chekundu.

"Wapendwa wasikilizaji wa Juu na wa Bondeni," Mbonea alianza, sauti yake nzuri ya asubuhi, "leo tuna wageni ambao..." Akasema sana. Akamgeukia Nakiete. "Mama Namkunda, tueleze, ulipata wapi moyo ule wa kusamehe?"

Nakiete akasogea kwenye kipaza sauti.

"Sikuupata," akasema. "Sijamsamehe."

Mstari wa juu: *Sikuupata. Sijamsamehe.* Mstari wa chini ukaanza kujiandika: *Niliupata kwa maombi. Nimemsamehe.*

Niliinua kifuniko nikavuta.

Taa ya studio ikageuka nyekundu. Mbonea akaiona, akanigeukia kupitia kioo, macho yamemtoka. Kidole chake kilikuwa juu ya kitufe cha muziki. Angekibonyeza, mji ungesikia wimbo, na yote yangeishia chumbani mle. Nilimtazama. Sikutikisa kichwa wala sikumwomba. Kidole kikabaki pale, hakishuki.

"Sijamsamehe," Nakiete akarudia, na safari hii niliisikia mara mbili: kwenye hedifoni, na kutoka chini sokoni, kwenye redio za watu, maneno yaleyale. "Mnaniletea unga, asanteni, lakini mnanipongeza kwa jambo ambalo sijafanya. Mtoto wangu alisombwa na maji kwa sababu baragumu halikupigwa. Nilisema hivyo siku ile. Nasema tena. Senzighe, ulipiga baragumu?"

Senzighe akalowa jasho. "Dada, zamu ilikuwa imetangazwa redioni. Watu wote walisikia..."

"Mtoto alikuwa mferejini. Mferejini kuna redio?"

"Mimi nilijua..."

"Sikuulizi ulijua nini. Ulipiga?"

Nikageuka dirishani. Soko lilikuwa limesimama. Muuza nyanya ameshika mzani hewani. Vijana wa Juu wako upande wa maduka, wa Bondeni upande wa stendi, kama walivyokuwa siku ile, na katikati yao pale ndipo alipoangukia baba Niwaeli. Mkono wangu ulikuwa bado kwenye kishikio. Nilikuwa natazama kitu kimoja tu: nani atainama kuokota.

Nyuma yangu, kwenye hedifoni, nikasikia kofia ikikunjwa. Halafu sauti ya Senzighe, nzito, inakwaruza, haina adabu yoyote ya kuazima.

"Sikupiga," akasema. "Siku ile sikupiga, na siku nyingi kabla yake sikupiga. Nilikuwa mvivu, nikajiambia redio ipo. Nilimwona mtoto akiwa juu ya maji, nikashindwa kufunga lango. Naliota lango lile mpaka leo. Nikakusikia redioni ukisema umenisamehe, nikafurahi, kwa sababu nilijua sitaulizwa. Nimeulizwa. Sikupiga, dada. Mtoto hakuwa na kosa, na wewe huna kosa. Kosa ni langu."

Sokoni hakuna aliyeinama. Nilingoja. Mama mmoja wa Bondeni alikaa chini juu ya gunia lake, akashika kichwa. Kijana mmoja wa Juu alivua kofia. Mzani wa muuza nyanya ukashuka taratibu.

Simu ikalia studio. Mbonea akaipokea bila kuniuliza, nami sikurudisha kishikio. Ilikuwa sauti ya bibi mmoja wa Juu, ambaye kwa miaka mji ulikuwa ukimsikia mpole kama njiwa.

"Senzighe, we kichwa maji! Shangazi yako naongea! Si nilikwambia? Si nilikwambia lile baragumu halijawekwa kuwa pambo? Nilipiga simu hapo redioni nikakutukana mara ngapi! Kila nikijisikiliza nasikika nakutakia siku njema! Nikadhani nimeanza kuzeeka!"

Kicheko kilitoka sokoni, kikapanda mpaka dirishani. Kicheko cha pande zote mbili. Hata Senzighe alitoa sauti ambayo sijui ilikuwa kicheko au kilio. Niliketi.

Mkaguzi angekuja, hilo nilijua. Angekuta nimevuta kishikio, na angetaka sababu. Nilikuwa nimeshaamua cha kumwambia: mtambo ulipotosha maana. Mtu alisema hapana, ukaandika ndiyo. Akiona hiyo si sababu, basi achukue kiti changu, tutaonana mbele ya Mungu na leseni zetu. Lakini nilimwona Mbonea akimimina maji kwenye bilauri, akimsogezea Senzighe, kisha bila mtu kumwambia akavuta karatasi ya zamu za maji akaandika juu yake kwa herufi kubwa, nami nikaisoma kupitia kioo: TUTATANGAZA, BARAGUMU LITAPIGWA. Nikajua sitakuwa peke yangu siku ya mkaguzi.

Muda wa kipindi ukawa unakwisha. Mbonea alifuta uso, akarudisha ile sauti yake ya asubuhi, ingawa haikumkaa vizuri.

"Mama Namkunda," akasema, "umemsikia ndugu yetu. Amekiri mbele ya mji mzima. Je, sasa... una neno gani kwake?"

Senzighe aliinua macho. Mji wote, nadhani, uliinua macho. Ndicho kipande ambacho vikao vyetu vyote vinakingoja, na hata mimi, Mungu anisamehe, nilikuwa nakingoja.

Nakiete alisogea kwenye kipaza sauti. Akamtazama Senzighe, mikono yake, kofia yake iliyokunjika. Uso wake haukuwa ule wa uzioni. Ulikuwa umepumzika, kama uso wa mtu aliyetua mzigo na bado hajaamua kama ataubeba tena.

"Nimesikia," akasema.

Mbonea akangoja liendelee. Sote tukangoja. Nakiete akasimama, akakaza khanga yake kiunoni, akapita nyuma ya kiti cha Senzighe, akafungua mlango, akatoka.